Moto Ule Ulikuwa wa Kupikia Uji

Mlipokuja kwangu Msambweni juma lililopita, nyinyi vijana watatu wa kutengeneza filamu za watoto, hamkupiga hodi. Mliingia moja kwa moja hadi barazani na simu zenu mkononi. Mmoja wenu, yule wa Ukunda, akasema, "Niaje mzee," mwingine akaanza kutafuta mahali pa kuchomeka chaja. Sikuwafukuza. Niliwavumilia kwa sababu Riziki, aliyewaleta, ni mjukuu wa ndugu yangu, na kwa sababu niliambiwa mnataka kujifunza kazi niliyoifanya tangu ujana wangu, yaani kuandika filamu za watoto. Halafu mkanipa hadithi yenu niisome. Nimeisoma, na nimekasirika mpaka leo sijatulia. Mdomo wangu ukiwa na hasira hautoi neno la maana, kwa hiyo nimeamua kuwaandikia.

Hadithi yenu ni ya ajuza mwenye macho mekundu anayekaa peke yake kando ya msitu akiroga watoto wa kijiji. Mwishoni watoto wanaichoma nyumba yake naye akiwa ndani, na mmeandika kwamba hapo muziki upande juu. Mliniomba mambo mawili. La kwanza, niwasahihishie hadithi. La pili nitalitaja mwishoni, maana nikilitaja sasa nitaichana karatasi hii.

Hapa mtaani naitwa Mzee Hamisi wa Sinema, na wengi hudhani nilikuwa mbeba mashine. Mimi nilikuwa mwandishi. Uhuru ulipokuwa bado mbichi, na vijana wakipelekwa huku na kule kusoma, mimi nilipata nafasi ya Moscow. Wenzangu wakasomea udaktari na uhandisi. Mimi nikaangukia chuo cha filamu, nikasomea kuandika. Mama alipoulizwa sokoni mwanawe anasomea nini, alijibu, "Udaktari." Sikumlaumu, maana angesema sinema wangempa pole.

Nilipomaliza chuo nilibaki huko miaka kadhaa katika studio ya filamu za watoto. Tulikuwa tukiandika hadithi za ajabu, zile za mito inayotembea na baridi yenye roho na tabia kama binadamu. Mwalimu wangu pale alikuwa Bi Zinaida, mama mfupi, mvuta sigara, mkali kuliko mwalimu yeyote wa chuo chetu cha Qur'ani. Siku ya kwanza aliniambia nimsimulie hadithi ya kwetu. Ilikuwa asubuhi, nikakataa. Kwetu hadithi haisimuliwi mchana. Nyanya yangu alituapia kwamba anayesimulia mchana huota mkia. Nilijua ni maneno ya kututisha tusiache kazi za shamba, lakini mtu hajui, na sikutaka kuota mkia ugenini.

Bi Zinaida alidhani nina kiburi. Akanigeuzia mgongo akaendelea na kazi zake, nami nikakaa pale kama mzigo. Sasa, ilikuwa katikati ya majira yao ya baridi, na huko jua la majira hayo huzama mapema. Ilipofika saa kumi na moja jioni, kiza kikawa kimeshika. Nikainuka mwenyewe, nikasimama mbele ya meza yake, nikasema, "Paukwa." Akanitazama tu. Nikamfundisha kwamba inampasa ajibu "Pakawa," vinginevyo hadithi haiendi. Akajibu, na sigara mdomoni. Tangu siku hiyo kila jioni aliniita nimsimulie, na kila jioni alijibu kabla sijamaliza kulitamka neno.

Yeye ndiye aliyenifundisha kazi. Aliniambia mtoto haogopi ajuza, mtoto anaogopa kutojua mlango uko wapi. Kwa hiyo muonyeshe mlango kwanza, ndipo umlete ajuza. Aliniambia niandike vitu vinavyofanywa kwa mikono, kwa sababu mtoto hutazama mikono ya mtu kabla ya kusikiliza maneno yake. Na aliniambia kwamba ukiandika mtu mbaya tu, asiye na jambo jingine, hujaandika mtu, umeandika kinyago, na kazi ya kinyago ni kupigwa mawe. Neno hilo la mwisho nililisikia kwa sikio moja. Sikujua litanifuata mpaka nyumbani.

Tukaandika filamu iliyoitwa *Chungu cha Sauti*. Baridi imemwibia mvulana mdogo sauti yake, na sauti hiyo imewekwa katika chungu kwa ajuza wa msituni. Dada yake anakwenda kuidai. Tulikwama mlangoni kwa ajuza. Bi Zinaida aliuliza, "Kwa nini amfungulie?" Mmoja akasema mtoto aseme maneno ya uchawi. Mwingine akasema atoe pete ya dhahabu. Mimi nikasema, "Ajuza hawezi kumfungulia, kwa sababu mtoto hajamwamkia."

Walicheka. Nikawaeleza shikamoo, kwamba asili yake ni kushika miguu ya mkubwa. Nikawaeleza kwamba nyanya yangu, ukimwingilia na shida yako bila kumwamkia, hugeukia ukutani akaendelea kuchambua mchele, na unaweza kulia hapo mpaka jua lizame. Bi Zinaida hakucheka. Alizima sigara akaandika. Ndivyo ilivyokuwa kwenye filamu: ajuza anaelekea ukutani, mtoto anabembeleza, anatoa zawadi, analia, wapi. Mwisho anainama na kuigusa miguu ya ajuza. Ajuza anageuka, na neno lake la kwanza ni, "Umekula?" Anawasha moto, anapika uji, mtoto anakunywa, ndipo anapewa chungu. Aliyecheza ajuza alikuwa mama mwenye mguu mbovu, naye aliuburuta mguu ule kwenye picha bila kuuficha. Ule moto tuliupiga picha kwa muda mrefu, kwa karibu, ukitapakaa na kung'aa, kwa sababu ndipo mahali pa kwanza katika filamu nzima panapopata joto.

Nyanya yangu wa Msambweni, aliyekuwa ameshafariki wakati huo, alikuwa ndani ya filamu ya Kirusi. Nilijivuna sana, siwafichi.

Nikarudi nyumbani. Siku hizo aliyesoma Moscow alitazamwa kama aliyerudi na maradhi ya ukomunisti. Nilizunguka maofisini mpaka soli zikaisha, mwishowe nikachukuliwa na ofisi moja ya sinema kule Mombasa, iliyokuwa ikipeleka filamu vijijini kwa gari. Dereva alikuwa Chengo, Mduruma wa maneno machache, ambaye pia ndiye aliyeendesha mashine. Tulishuka Ukunda, Diani, Msambweni, hadi Shimoni. Tulisimamisha boriti mbili za mikoko, tukafunga shuka jeupe, Chengo akawasha jenereta, na watu wakaja wenyewe kwa kuusikia mngurumo wake.

Baadhi ya filamu zilikuwa za Kirusi, zawadi kutoka kwao, zinasema Kirusi. Kazi yangu ilikuwa kuandika maneno ya Kiswahili na kuyasema kwenye kipaza sauti picha ikienda. Msidhani ni kutafsiri. Mrusi anasema neno moja fupi, mdomo umeshafungwa, nawe Mswahili bado uko katikati ya "nimekwisha kukuambia." Nilijifunza kuandika sentensi inayoingia katika pumzi moja. Nilijifunza pia kwamba mambo mengine hayasemeki. Theluji ilipoanguka kwenye shuka, watoto wa Kinondo walisema ni sufi, na wakaulizana Warusi wanashona magodoro mangapi mpaka waimwage ovyo namna ile. Nikawaacha. Sufi ilitosha.

Siku moja yakaja makopo ya mikanda ya *Chungu cha Sauti*. Nilikaribia kulia. Niliandika maneno yake ya Kiswahili kwa mapenzi ambayo sijaandikia kitu kingine.

Mkubwa wetu wa ofisi simtaji jina. Tulimwita Bwana Mkubwa naye alilipenda. Aliitazama filamu, akasema ndefu, na haina mafunzo. "Ajuza anapika uji tu, uji tu," alisema. "Watu wetu wanataka kuonyeshwa kwamba ushirikina unapigwa vita." Akamwamuru Chengo aikate. Akatoa kipande chote cha kuamkiana na cha kupika uji. Halafu akafanya jambo ambalo hata leo sijamsamehe. Alichukua ule moto wa uji, akauhamishia mwisho wa filamu, baada ya mtoto kuondoka na chungu.

Nyinyi mnaokata picha kwa kidole kwenye simu, hebu someni hapa taratibu. Moto ni ule ule. Hakuna aliyeongeza hata kijiti. Lakini ukiuweka baada ya uso wa ajuza, na mlango umefungwa, huo si moto wa kupikia tena.

Tulikwenda kuionyesha katika kijiji kimoja baina ya Gazi na Msambweni. Jina lake silitaji, kwa sababu wajukuu wa watu ninaowasema wako hai na baadhi yao husali nami. Bwana Mkubwa alikuja mwenyewe siku hiyo, akakitwaa kipaza sauti. Mimi akaniambia nishike kamba ya shuka, kwamba upepo ni mkali. Kwa hiyo filamu yangu niliitazama kwa nyuma ya shuka, kulia kukiwa kushoto, nimeshika kamba, nikimsikia akimwita ajuza wangu mchawi. Mchawi anakuja, mchawi huyo, mtazameni mguu wake. Moto ulipotokea akapaza sauti: "Na mchawi akachomwa, na kijiji kikapata maendeleo!" Watoto wakapiga makofi. Watu wazima nao wakapiga makofi.

Kando ya kijiji kile alikaa Bi Mwanakombo, mjane, mshona makuti. Mguu wake mmoja ulivunjika shambani zamani ukaunga vibaya, akawa anauburuta. Macho yake yalikuwa mekundu kwa moshi wa jikoni, kama ya mwanamke yeyote aliyepikia kuni maisha yake yote. Makuti ya jiko la mama yangu aliyashona yeye.

Siku chache baadaye mama alikwenda kwake kununua makuti, akarudi mikono mitupu, amekasirika.

"Hamisi, hiyo sinema yenu imemfanya nini Mwanakombo?"

"Kwani kuna nini, mama?"

"Makuti yake yote yametiwa moto. Kaa usikie, watoto wa watu wanampigia mayowe njiani. Mmewaletea nini watu nyinyi?"

Nilikwenda mbio. Nilimkuta ameketi mlangoni, mbele yake kuna jivu jeusi pale makuti yalipokuwa yamepangwa. Juu ya paa kulikuwa na mawe.

"Shikamoo, bi."

"Marahaba, mwanangu. Ukimtoa mama yako, wewe ni mtu wa kwanza kuniamkia tangu Ijumaa."

Akaendelea yeye, kwa sauti ya kawaida, kama anayenieleza bei. "Wananiita kwa jina la huyo wa kwenye sinema. Mimi hiyo sinema hata sijaiona. Sasa kuna mtoto wa jirani ana homa, wanasema ni mimi. Wanaume wamekaa kikao. Nimeambiwa nihame kabla mwezi haujaandama, la sivyo yaliyoyafika makuti yataifika nyumba."

"Utakwenda wapi?"

"Niende wapi, Hamisi? Mume wangu amezikwa hapo nyuma."

Nilipanda basi la Mombasa alasiri ile ile. Nilimkuta Bwana Mkubwa ofisini anakunywa chai. Nikamweleza. Mnajua alijibu nini? Alisema hiyo ni ishara kwamba sinema imewaamsha watu. Nikamwambia kuna mtu atachomwa. Akaniambia, "Wewe umesoma kwa wasiomjua Mungu, leo uje unifundishe mimi huruma?" Nikatoka nikiwa nimekunja ngumi mfukoni. Sijawahi kumchukia mtu kama nilivyomchukia yule, na kama kumchukia ni dhambi, Mola atanihukumu nayo, maana chuki hiyo haijaniisha.

Nje nilimkuta Chengo anafuta kioo cha gari. Alisikia kila kitu kupitia dirishani. Alifungua kopo la biskuti alimokuwa akiweka spana zake, akanionyesha. Vipande vyote vilivyokatwa vilikuwa mle, amevikunja vizuri kwa kitambaa.

"Sikuvitupa," alisema. "Gundi ninayo."

Tukakaa nyuma ya gari tukiiunga filamu. Kipande cha kuamkiana tukakirudisha mlangoni kwa ajuza. Moto tukaurudisha chini ya chungu cha uji. Hatukumwomba mtu ruhusa. Kesho yake baada ya maghribi tulikuwa kijijini kwa Bi Mwanakombo, shuka limefungwa, na jenereta likawaita watu kama kawaida yake. Yeye nilikwenda kumchukua mwenyewe. Alikataa mara ya kwanza. Mama yangu, niliyekuja naye, akamwambia, "Twende, nitakaa nawe." Wakaketi mbele kabisa kwenye mkeka, wawili, na nyuma yao watu waliacha nafasi tupu, hakuna aliyetaka kukaa karibu.

Nilikuwa na hila yangu, nikiiona nzuri. Picha ilipofika pale mtoto anainama na kuigusa miguu, nilisema kwenye kipaza sauti, "Shikamoo, nyanya." Kisha nikanyamaza. Jibu la ajuza sikulisema. Nilikishusha kipaza sauti nikakielekeza kwa Bi Mwanakombo, ili jibu litoke kwake, kijiji kizima kilisikie. Mdomo wa ajuza ukacheza kwenye shuka bila sauti. Watu wote wakamtazama Bi Mwanakombo. Bi Mwanakombo akanitazama mimi, na hakusema kitu. Picha ikaendelea bila jibu.

Ukaja moto. Uliangaza nyuso zote za mbele. Nilisikia watu wanavuta pumzi wakingoja mtu achomwe. Kisha chungu kikatelekwa, mwiko ukaanza kukoroga, na sauti ya mtoto mmoja ikasema kwa nguvu, tena kwa hasira ya mtu aliyedanganywa, "Kumbe ni uji!"

Filamu ilipokwisha Bi Mwanakombo aliinuka, ameshika bega la mama. Aligeuka akasimama mbele ya shuka, taa ya mashine ikampiga usoni, hakufumba macho.

"Huyo mtoto wa kwenye shuka hana deni nami," alisema. "Hakunirushia jiwe, hakunichomea makuti. Siwezi kumwitikia yeye kwa niaba yenu. Anayetaka marahaba yangu aje mlangoni kwangu, aje mchana, na mikono yake niione."

Akaenda zake, akiburuta mguu. Hakuna aliyempisha kwa sababu hakuna aliyekuwa njiani.

Mimi na Chengo tulilala garini, tumeliegesha karibu na nyumba yake. Asubuhi alikuja mwanamke ameshika mkono wa mtoto mwembamba. Ndiye yule mwenye homa, imeshamtoka. Walisimama mbali kidogo.

"Hodi."

"Mikono," alisema Bi Mwanakombo.

Mama na mtoto wakanyoosha mikono, viganja juu, mbele ya lile jivu.

"Shikamoo, nyanya," alisema mtoto.

Bi Mwanakombo aliitazama ile mikono, mmoja mmoja. Kisha akasema, "Marahaba. Umekula?"

Wakaja na wengine, si wote. Wanaume wa kikao hawakuja kuamkia, lakini hawakuja kumhamisha pia. Mwezi ukaandama, naye yuko pale pale anashona makuti. Alikufa mzee sana, kitandani mwake, akazikwa karibu na mumewe. Mimi nilifukuzwa kazi juma lile lile la onyesho, na Chengo akahamishiwa kwenye lori la mawe. Niliishia kuandika hadithi za watoto za redioni mpaka nilipostaafu. Hakuna aliyenipa asante, wala sikuingojea.

Sasa ndio nifike kwenye ombi lenu la pili, vijana wangu.

Mlipokuwa mnaondoka, yule wa Ukunda aligeuka mlangoni akasema, "Mzee, si ukuje u-act huyo mchawi? Tumebadilisha awe mwanamume. Uko na mvi, macho yako ni red kabisa. Itabamba watoto sana." Mkacheka wote, na Riziki akacheka. Mkanipiga picha hapo hapo, bila kuniuliza.

Jirani yangu, rika langu, hupaka kichwani piko, ile rangi nyeusi ya nywele, kila Alhamisi. Mvi zake zote hazionekani. Nilikuwa nikimtania kwamba anatafuta mke wa pili. Siku moja akaniambia kwa sauti ya chini kwamba hatafuti mke, anatafuta usingizi. Mwenzetu mmoja ng'ambo ya barabara kuu amekatwa mapanga na vijana wa ukoo wake mwenyewe, wakimwita mchawi kwa sababu ya mvi na macho mekundu. Nyinyi mnazijua habari hizi, mnazo kwenye simu hizo hizo. Na bado mmeketi mkaandika moto, mkaupandishia muziki, mtawapa watoto waangalie, na mmenitafutia mimi sura.

Basi sikilizeni. Nitacheza. Ajuza, kizee, mchawi, niiteni mtakavyo, nitacheza, kwa sababu mkimtafuta mwingine atashindwa kuwakatalia huo moto wenu. Lakini moto wa filamu hiyo utakuwa wa kupikia uji, na nitaupika mwenyewe, na mtaupiga picha mpaka uive. Mkiuhamisha moto huo mkauweka mwisho, nitajua, maana niliwahi kuona ukihamishwa.

Piko sipaki. Mvi zangu ziko nje, ukija kwa njia ya Gazi utaziona, nimeketi barazani. Njooni mchana, mpige hodi, na mikono yenu niione.